Petro na Masanja ni Mtu Mmoja

Pasiansi, Mwanza

Mwalimu Petro, ndugu yangu,

Amani ya Bwana ikukute huko ulikolazwa. Nilipaswa kukuandikia mapema zaidi, ila nilingoja hasira itulie. Haikutulia. Imegeuka kinyaa, nacho kimenifundisha kushika kalamu.

Tangu tukuzike Sengerema ilikuwa imepita miezi minne, mkeo, Mama Agnesi, alipopokea barua ya ofisi ya pensheni. Ofisi niliyodhani imekunyamazia miaka saba sasa ilikuita ufike wewe mwenyewe, na vyeti vyako halisi, ili uhakikiwe. Mama Agnesi alivuka kwa kivuko kuniletea barua hiyo. Hakulia. Alisema tu, "Katekista, nenda ukawaambie amechelewa."

Nikaenda. Nilichukua cheti chako cha kifo pamoja na kile cha ualimu ulichokihifadhi ndani ya Biblia. Karani, mtu wa makamo mwenye tai shingoni, hakunipa hata shikamoo. Kando ya meza yake palikuwa na robota la mitumba lililofunguliwa, maana siku hizi kila mtu mfanyabiashara, na ofisi ya umma nayo ni duka. Nilisimama nikingoja mwanamke mmoja amalize kujaribu viatu. Hatimaye karani aliviweka vyeti vyako sambamba, akatabasamu.

"Mzee, huyu mwalimu anaitwa Masanja Lubinza. Marehemu wako ni Petro Lubinza. Sasa mmoja amekufa, yule mwingine yuko wapi?"

Mwanamke wa viatu akacheka. Karani akaona amepata hadhira.

"Mlete huyo aliye hai, babu, tumlipe."

Nimesoma habari za watoza ushuru tangu ujana wangu, na nimewafundisha wengine kuwahurumia. Siku ile sikuweza. Nilitoka nje nikatema mate, jambo ambalo sijalifanya mbele za watu maisha yangu yote.

Lakini ningekuwa mnafiki kama kinyaa changu chote kingeishia kwa mtu yule. Unaikumbuka Pasaka ya ubatizo wako? Ulikuwa tayari mwalimu, umeajiriwa kwa jina ulilopewa na bibi yako. Uliniuliza, nusu kwa utani, "Katekista, na Masanja nimpeleke wapi?" Nikakujibu, "Mwache nje ya mlango." Ndivyo tulivyowaambia watu wazima wakati ule, tukidhani tunamtumikia Mungu. Daftari la ubatizo lilikuwa na nafasi ya jina la awali. Padri hakuniagiza niiache tupu. Aliniachia daftari, nami kwa kiburi cha mwenye kalamu nikaipiga mstari. Nawe ukatii. Ukaomba shuleni waanze kukuandika Petro, wakafanya hivyo bila hati yoyote.

Kwa miaka saba nilikuuliza habari za pensheni yako, na kila mara ulinijibu, "Faili linatafutwa." Kumbe lilikuwa limepatikana tangu mwanzo. Wakili wako, aliyekufungulia kesi dhidi ya ofisi hiyo bila mimi kujua, ameniambia kwamba walichotaka ni ushahidi kuwa wewe ndiye Masanja, na kwamba alikusihi uniite mahakamani. Ulikataa. Ulimwambia, "Yule mzee ataumia." Ulikufa ukinisitiri, Mwalimu, huku ukiugua na kununua dawa kwa kuuza ng'ombe mmoja baada ya mwingine. Sikuwa nastahili heshima ya namna hiyo. Ningeujua ukweli huo mapema, ningekuja nikitambaa.

Kesi haikufa nawe. Mkeo ndiye msimamizi wa mirathi, na Alhamisi hii inasikilizwa. Waliokujua kwa majina yote mawili wamekwisha, isipokuwa mimi. Paroko ameniruhusu kulichukua lile daftari. Nitalifungua mbele ya hakimu, nionyeshe ule mstari, na akiuliza ni mkono wa nani, nitamwambia ni wangu. Karani yule huwa anakuja kuiwakilisha ofisi. Vema. Alitaka nimletee aliye hai, nami nitakuwepo.

Mkeo ameniambia pia kwamba msalaba wa kaburini una jina moja. Nimekwisha kumlipa fundi, aongeze la pili.

Pumzika, Petro. Pumzika, Masanja. Alhamisi, nikiisha kula kiapo, nitayataja majina yako yote mawili, na nitaanza na lile nililokunyima.

Ndugu yako,
Katekista Yohana