Umri wa Latifa

Gereza la Kindu, 4 Machi 2024

Mudogo wangu Ramla,

Asalaam alaykum. Natumaini barua hii itakukuta muzima hapo Lokandu, wewe na bwana yako na watoto. Mimi kifua kinanisumbua, lakini ninasimama, Mungu ashukuriwe.

Habari umeisikia. Tribinali imenikatia miaka saba kwa sheria ya kulinda watoto, ati nilimuoza binti yangu Latifa akiwa bado mutoto. Avoka wangu Donatien ameweka rufaa ndani ya zile siku kumi. Tutasikilizwa tarehe 18 Aprili. Rufaa yote inasimama juu ya umri. Karatasi ya kuzaliwa hakuna. Mama yake, marehemu Malaika, hayupo tena wa kusema. Wewe njo ulimupokea kwa mikono yako. Uje useme alizaliwa 2005. Neno moja tu, na mimi narudi nyumbani.

Kaka yako mukubwa,
Aboubakar


Lokandu, 13 Machi 2024

Yaya Aboubakar,

Wa alaykum salaam. Huku tuko wazima, ila mutoto wangu mudogo ana mafua. Pole kwa kifua. Kunywa asali niliyomupa mwenye mutumbwi.

Nimesoma barua yako mara tatu nikitafuta habari za Latifa. Iko wapi? Anakula? Ulimuuliza kabla ya kumupeleka Kalima kwa yule mununuzi wa kasiterite, yale mawe ya bati?

Latifa alizaliwa Ramadani ya 2009, asubuhi. Nilivunja saumu siku ile ili nipate nguvu ya kumupokea. Ulisimama mulangoni ukauliza, "Mutoto gani?" Nikasema, "Wa kike." Ukacheka mpaka jirani wakatoka. Unakumbuka kama mimi.

Mudogo wako,
Ramla


Gereza la Kindu, 24 Machi 2024

Mudogo wangu,

Salamu nyingi. Asali imefika, kifua kimelegea.

Latifa iko kwa mama Béatrice, yule anayepokea watoto wasio na pa kukaa, hapa mutaa wa Kasuku. Sikumukataza kuja kuniona. Yeye njo hataki.

Unaniuliza kama nilimuuliza. Na wewe, nani alikuuliza? 2002, mji umezungukwa, barabara zimefungwa, Mama amevimba miguu kwa njaa. Nilikushika mukono nikakupeleka kwa yule kapiteni wa jeshi, una miaka kumi na tatu. Siku ileile tulipata muchele na chumvi. Mama aliishi. Ulilia, ndiyo, lakini hukufa, na leo una bwana na watoto. Yule mununuzi, Fadhili, naye alikuwa na nyumba ya matofali. Nilidhani ninamupa binti yangu maisha. Sasa Fadhili amekimbia, mimi njo nimebaki. Ndugu hamupeleki ndugu yake gerezani, Ramla.

Kaka yako,
Aboubakar


Lokandu, 2 Aprili 2024

Yaya,

Salamu. Tangu barua yako hali yangu si nzuri, nakuambia kweli.

Sikufa, umesema. Sikia basi. Kapiteni alinifungia mulango miezi minane. Mimba ilitoka yenyewe, pale sakafuni, na nilisafisha mimi mwenyewe haraka kwa sababu alikuwa anarudi kula saa sita. Jeshi lao lilipoondoka, aliniacha kama chungu kilichotoboka. Nikarudi nyumbani. Mama alinipikia, wewe ukanipisha kiti, na hakuna muntu aliyesema neno. Mpaka leo.

Lile la kwanza vita ilikulazimisha. Nilikusamehe, bila wewe kuniomba. Lakini mwaka jana, Yaya, Kindu kulikuwa na vita gani?

Nitakuja tarehe 18. Wataniapisha, na nikiisha kuapa sitaweza kusema 2005.

Mudogo wako,
Ramla


Gereza la Kindu, 21 Aprili 2024

Ramla,

Umefika salama? Hukungoja tuagane, nimesikia mutumbwi ulikuwa unaondoka.

Ulipomaliza kusema 2009, jaji alinigeukia: "Shahidi wako anasema uongo?" Donatien alinikanyaga muguu chini ya meza ili nijibu ndiyo. Nikasema, "Hapana, muheshimiwa. Mimi njo nilisema uongo." Sijui ilitoka wapi. Nilikuwa nimejiandaa vingine.

Rufaa imekataliwa, miaka saba inabaki. Donatien anataka tufike mpaka Kinshasa, nimemuambia aache.

Kuna jambo nililificha kwako. Latifa iko na mimba, inaingia miezi saba. Nilijua tangu Januari. Hata miaka kumi na tano hajafikisha. Nenda kwake, nakuomba. Mimi hanitaki, na ana haki.

Kaka yako,
Aboubakar


Kindu, 19 Juni 2024

Yaya,

Asalaam alaykum. Kifua kinaendeleaje? Nakuandikia nikiwa kwenye benchi la hospitali.

Niko na Latifa tangu mwezi wa tano. Uchungu ulimushika siku mbili. Nyonga zake bado za kitoto, wakamupasua. Mutoto alikuwa wa kiume. Hakulia. Tulimuzika jana, mimi, bwana yangu na mama Béatrice.

Latifa iko muzima. Leo amekunywa uji, nusu ya kikombe. Akipata nguvu nitamuchukua kwangu Lokandu, na masomo yakifunguliwa ataingia darasani na binti zangu. Wakimucheka, watanikuta mimi.

Nimemuambia ninakuandikia. Nikamuuliza, "Una salamu kwa baba yako?"

Aliweka kikombe cha uji chini. Kisha akasema, "Bado."

Mudogo wako,
Ramla