Uchaguzi wa Soko Letu Kwenye Gare

Kasongo, mjukuu wangu,

Huku Kolwezi tuko wazima, na mtoto wa dada yako ameanza kutembea. Nimesoma barua yako kuhusu Amerika ya zamani. Unashangaa: mbunge akifa, kwa nini watu walirudi kupiga kura kujaza kiti kilichobakiza miezi michache tu?

Mi nakujibu kwa nilichoona. Watu wa Kasai walipofukuzwa huku kwetu, Mama Ngalula, prezida wa soko letu, ambaye naye ni wa Kasai, alilala gare, yaani kituo cha reli, akingoja treni. Muhula wake ulikuwa unakaribia kwisha, kwa hiyo tulitaka kukaa tu bila prezida. Akatutumia neno: "Mukuye huku tuchague. Treni haiyafika. Tuko bado bamama ba soko."

Tulienda na woga wetu wa kuonekana na waliofukuzwa. Wagombea wawili walisimama, na kila mama akapanga mstari nyuma ya anayemtaka. Bamama wa Kasai waliacha mizigo yao wakapanga nao. Tena walibishana! Mmoja alihama mstari kwa sababu mgombea wake hakuwahi kufagia upande wa samaki.

Walichagua kwa umakini wote huo mtu wa kutunza soko ambalo hawangeuza tena ndani yake.

Treni ilipoanza kuondoka, Mama Ngalula alimwita prezida mpya kutoka dirishani: "Robine ya maji kwa bauza samaki inavuja. Usisahau!"

Bomba hilo lilitengenezwa juma lile lile. Mpaka leo nanawa mikono pale.

Nkambo wako