Sauti Isiyo ya Orwa

Najat uko wapi?? Shika simu, mwenzangu. Shemeji yangu Orwa kafanya jambo leo!

Si unajua mchana huu Mbaruku alikuwa anaonyesha ile tamthilia yake ya YouTube pale ukumbini Buswelu? Orwa kaja na shati jipya, na mama yangu naye kamleta, amwone mkwe wake kwenye skrini. Miaka mitatu tangu ahamie huku kutoka Homa Bay, kule Kenya, anapewa nafasi za maiti na wezi tu, sasa ndiyo kapewa ya bwana harusi.

Kafungua mdomo kwenye skrini, ikatoka sauti ya MTU MWINGINE. Najat, ya mtu mwingine!!

Mama anamuuliza, "Baba, siku hiyo ulikuwa na mafua?" Ukumbi mzima ukaangua kicheko.

Orwa kamfuata Mbaruku mlangoni. Yule hana hata haya: "Kaka, sura unayo, ila Kiswahili chako cha Kikenya kinatuharibia kazi. Nimekutafutia sauti."

Nimekutafutia sauti! Kama anamtafutia chumba cha kupanga!

 

Sasa sikia. Kesho asubuhi wanarekodi tukio lenyewe la harusi, boti imeshakodiwa. Na zile rasta za Orwa za kufika kiunoni zimeonekana tangu sehemu ya kwanza.

Katoka pale moja kwa moja mpaka kwa kinyozi. Kanyoa ZOTE. Kipara kinang'aa kama mawe ya ziwani! Kajipiga picha, kamtumia Mbaruku na maneno haya tu:

"Sauti umenitafutia. Nitafutie na kichwa."