Lori Bovu Litangulie

Neema, mjukuu wangu,

Amani kwenu wote huko Buffalo. Sisi hapa Shively tuko wazima. Bibi yako amepanda mboga za lengalenga nyuma ya nyumba, na mimi ningali mzee mwenye sura nzuri kuliko wote kanisani.

Unauliza, nyambizi za Wajerumani zilipokuwa zinawinda meli katika Atlantiki, kwa nini meli za mbio zilikubali kwenda polepole pamoja na zile nzito. Bon, umeuliza mtu anayejua! Shule niliacha mapema, lakini kwenye barabara ya Bukavu kwenda Walikale nimeendesha lori. Msituni kulikuwa na watu wa bunduki, donc tulikwenda malori mengi pamoja. Langu lilikuwa la mbio kuliko yote, na dereva wake vilevile. Lakini mkubwa wa msafara akaweka mbele lori bovu la mzee Bahati.

“Mkubwa, huyu atatuchelewesha!”

“Akikwama nyuma yetu, nani atamwona? Funga mdomo, kijana, umfuate.”

Nikamfuata, nikimeza moshi wake mpaka Walikale. Tulifika wote.

Sasa unasema umechoka kusoma na mdogo wako Ombeni, eti Kiingereza chake kinakurudisha nyuma, na unataka kumwacha. Hapana, mama. Jioni hii aanze yeye, kwa sauti, mpaka ukurasa uishe. Wewe umfuate.

Jumapili nitapiga simu. Apokee Ombeni, anisomee.

Babu yako, dereva hodari