Mkono Uliobaki kwenye Filamu

Ilunga mwenzangu,

Mwaka umepita tangu tukuzike, na mimi nimeonekana kwenye televisheni bila wewe. Nina haya hata ya kuandika jina lako.

Walikuja watu wa televisheni kutengeneza filamu juu ya wachekeshaji wa Lubumbashi. Nilikaa kitini na abakosti mpya, lile koti la serikali lisilovaliwa na tai, nikajieleza kama mkongwe wa kazi. Wakasema wataweka na ile filamu ya zamani, tuliyopigwa kambini kwa wafanyakazi tukicheza mchezo wa bosi na boyi wake, mtumishi wa nyumbani. Mimi boyi, wewe bosi, kravati nyekundu, tai ndefu, imekufika magotini. Watu walicheka kabla hujafungua mdomo.

Kravati hiyo ikatuponza. Tangu serikali ipige marufuku kravati kuwa vazi la wazungu, hata ya mzaha haitakiwi. Bwana wa televisheni akasimamisha picha: "Hii cravate haiwezi kupita. Tumukate huyu, ama tuache filme yote?"

Ilunga, sikungoja hata kumeza mate. Nilisema: "Mumukate."

Jumapili ukumbi wa kambi ulijaa watu waliokuja kuangalia filamu hiyo kwenye televisheni. Mkeo alimleta mwanenu Kabamba, amevalishwa viatu vya shule. Kwenu picha yako ni moja tu, ile ndogo ya kadi ya kazi, na mtoto alitaka kukuona unatembea. Nikatokea mimi, nainama, najibu maneno ambayo hakuna aliyeyasema. Watu wakacheka. Mchezo wenyewe uliutunga wewe! Halafu mkono ukaingia pembeni, ukanipa kofia, ukatoka. Kabamba akasimama juu ya benchi: "Mama, ile ni mukono ya papa! Angalia kidole!" Kile kidole kilichopindishwa na mashine, alichokuwa akikishika mkienda sokoni.

Akangoja uingie mzima. Taa ziliwashwa, bado anangoja. Mama yake aliponiuliza ulikuwa wapi, nikamjibu kwamba filamu ilikuwa imeharibika. Nimemdanganya mjane wako. Wanasema aibu ya maiti aijuaye mwosha. Yangu mimi, maiti ndiye anayeijua.

Kesho nakwenda kwao. Nitamwambia mama Kabamba kuwa aliyesema ukatwe ni mimi, anitemee mate akitaka. Kravati yako ninayo, nimeificha sandukuni chini ya nguo zangu. Akinikubalia, tutafunga mlango, niivae, nimwoneshe mtoto mwendo wako wote, kuanzia mlangoni hadi kwenye kofia. Atakuwa boyi, nami nitakuwa wewe.

Lala, bosi wangu. Nisamehe ukiweza.

Mwenzako,
Kasongo