Sijafa, Ninahama

Jumapili, 9 Agosti 2009

Kanisani asubuhi, kisha kufua. Nimepangusa kuvu ukutani mwa chumba cha watoto kwa maji ya javel, yale ya kung'arishia nguo, kama kila Jumapili. Itarudi katikati ya wiki. Exaucé amekohoa tangu alfajiri. Daktari alishasema: dawa anayo, kilichobaki ni nyumba. Mwenye nyumba anasema tufungue madirisha.

Baada ya ibada nilimweleza Papa Kabwe kwamba tunahama. Ndiye mwenyekiti wa chama chetu cha misiba, watu wa Katanga tulioko Brussels. Akacheka mbele ya watu wote. "Ardenne? Kule kwa bang'ombe? Na ukifwa kule, maman, nani atakulilia?"

Nilimjibu kwamba sihami ili nife. Hakunisikia, au alijifanya.

Jumanne, 11 Agosti

Niandike mpango wenyewe, nisije nikaanza kuuona kama ndoto.

Kijiji kiko juu Ardenne, kwenye misitu. Shule yake inataka kufungwa kwa kukosa watoto. Bourgmestre wao, yaani meya, mama mmoja mwenye mabuti ya mpira, ana nyumba tatu zilizopangana, za wachimba mawe wa zamani. Tupu. Kila moja ina bustani nyuma. Atazipangisha kwa familia zenye watoto, kwa sharti moja: familia zote tatu tuwe tumeingia kabla shule haijafunguliwa tarehe mosi Septemba. Familia moja ikikosa, watoto hawatoshi, shule inafungwa, nyumba hazitolewi. Alituambia hivyo akitutazama usoni, hakuzunguka. Nilimpenda kwa hilo.

Familia ya kwanza ni sisi: mimi, mume wangu Faustin, Grâce na Exaucé. Ya pili ni Mama Halima, Mrundi wa Buyenzi, mjane mwenye watoto wanne, tunafanya kazi pamoja kwenye nyumba ya wazee. Ya tatu ni Papa Deo na Maman Sifa, watu wa Likasi, watoto watatu. Deo ndiye mwenye kamioneti, gari la mizigo. Bila kamioneti hakuna safari. Hiyo hiyo ndiyo inayobeba viti na masufuria ya chama kila penye matanga, kwa hiyo Brussels nzima ya kwetu inaijua kwa mlio.

Ijumaa, 14 Agosti

Nimekwenda Matonge, mtaa wetu Wakongo, kununua sombe, majani ya muhogo, ya kugandisha. Kule juu haitapatikana.

Habari zimenitangulia. Saluni karibu na Porte de Namur, kabla sijavuka mlango, wasusi wakaanza: "Maman Aline, kule utasukwa na nani? Na ng'ombe?" Nikasema ng'ombe angalau hapeleki maneno ya watu. Walicheka, na mimi nikacheka, lakini nimerudi nyumbani nimekasirika. Wanatuongelea kana kwamba tunakwenda mwezini. Watu hawa hawa walitoka Lubumbashi na sanduku moja, hawajui hata theluji ni nini. Nani aliwacheka?

Jumatano, 19 Agosti

Nimeaga kazini. Mkuu wa zamu aliniuliza nakwenda kufanya kazi gani huko. Nikasema wazee wako kila mahali na mashuka yanachafuka kila mahali. Faustin naye anasema hivyo hivyo kuhusu mkate. Anasema kweli. Mwokaji hakosi tanuri.

Deo hapokei simu.

Jumamosi, 22 Agosti

Deo amejitoa.

Hakuja mwenyewe. Amemtuma mke wake. Maman Sifa amekaa jikoni kwangu bila kuvua koti, akasema Papa Kabwe alikwenda kwao jana na wazee wawili. Walimwambia Deo kwamba chama hakiwezi kukaa bila gari, kwamba yeye ni mtoto wa chama, kwamba anayejitenga na watu asije kulia baadaye. Deo aliinamisha kichwa, akakubali.

"Na weye?" nikamuuliza.

"Miye sijaulizwa."

Nilitaka kumfokea, nikaona macho yake, nikamtilia chai.

Mama Halima alipita baadaye. Leo ni siku yake ya kwanza ya mfungo, midomo imemkauka. Nilidhani atasema basi tena. Alisema: "Dada, mimi nilitoka Bujumbura kwa miguu, mtoto mgongoni. Huku kuna barabara, tena ya lami. Tutakwenda." Nikamkumbusha kwamba bila watoto wa Deo shule haitoshi. Akasema tufike kwanza, na bourgmestre atufukuze kwa mkono wake mwenyewe akiweza.

Nampenda mwanamke huyu.

Jumatatu, 24 Agosti

Binamu za Faustin wenye magari makubwa wote wana shughuli Jumamosi, siku ya kuhama. Wote. Ajabu. Papa Kabwe anafanya kazi yake vizuri.

Sisimamishi kitu. Naenda kwa utaratibu: sebule kwanza, vyumba baadaye, jikoni mwisho. Makochi nimeyatoa, kabati amechukua jirani wa chini. Mapazia nimeyashusha na kuyafua. Vitanda vimefunguliwa, mbao zimefungwa kwa kamba. Tunalala sebuleni, magodoro chini. Grâce amegombana na rafiki yake wa shule na kulia mchana kutwa. Mwache alie, atapata mwingine.

Alhamisi, 27 Agosti

Niandike kwa mpangilio.

Saa nane mchana nilitoka kutafuta makatoni kwenye maduka ya Chaussée d'Ixelles. Faustin alikuwa amelala, kwa sababu anaoka usiku. Kwa kuwa hakuna mapazia, alikuwa amejifunika shuka jeupe kuanzia kichwani mpaka miguuni.

Nikiwa sipo, alikuja Maman Véro wa kanisani kurudisha sufuria yangu. Grâce akamfungulia, macho mekundu kwa yale machozi yake ya rafiki. Maman Véro akachungulia. Akaona sebule imetolewa viti vyote. Akaona magodoro chini, vile vile tunavyoyatandika kwetu nyumba ikiwa na msiba, ili wanawake wakae hapo. Akaona mtu mrefu chini ya shuka. Hakuuliza. Aliweka sufuria sakafuni na kuteremka ngazi akipiga mayowe.

Mimi wakati huo nilikuwa naendelea kuchagua makatoni.

Niliporudi, barabara yetu ilikuwa imejaa. Kamioneti ya Deo mbele ya mlango, anashusha viti vya chama. Wanawake wamejifunga vitenge kiunoni. Mmoja akanikumbatia, akaanza: "Maman Aline, courage, courage!" Makatoni yakaanguka.

Nilijua ni Exaucé. Kile kifua. Sikuwaza kitu kingine chochote. Nilipanda ngazi nikiwasukuma watu, nikasikia wanaimba juu, nikasema moyoni: kumbe daktari alisema kweli, nimengoja mno.

Exaucé alikuwa amekaa kwenye ngazi ya mwisho, anakula biskuti. "Maman, kuna wageni."

Nilimshika kichwa, masikio, mgongo. Alikuwa mzima. Nikaingia.

Faustin alikuwa ameketi juu ya godoro, fulana ya ndani tu, amezungukwa na wanawake waliokuwa katikati ya wimbo wa maziko. Wa mbele walikuwa wamenyamaza. Wa nyuma bado walikuwa wanaimba, kwa sababu hawakuwa wamemwona. Papa Kabwe alisimama karibu na dirisha, suti nyeusi, Biblia mkononi, mdomo wazi.

"Nani amekufwa?" Faustin akauliza.

Mtu akaanza kucheka. Sijui nani. Kisha nyumba nzima. Maman Véro alipiga magoti akimshukuru Mungu na kuomba radhi kwa pamoja.

Mimi sikucheka. Hofu ile ya kwenye ngazi ilikuwa imegeuka kuwa kitu kingine. Nilipanda juu ya kreti ya bia waliyokuja nayo na kuwaambia wote: "Aksanti kwa machozi, nimeyaona. Sijafa. Faustin hajafa. Tunahama. Na kwa kuwa mmeshafika na mikono yenu, kila mmoja abebe kitu."

Papa Kabwe akasema, "Mais maman, haifanyiki vile."

"Papa Kabwe, kanisani uliniuliza nani atanililia. Si hawa? Wamefika kabla hata sijafa. Hata kule watafika."

Deo alikuwa ameingia na viti viwili mikononi. Nikamgeukia. Nilichomwambia nakikumbuka neno kwa neno na sikijutii: "Kwa kufa kwetu gari lako limepatikana siku hiyo hiyo. Kwa kuishi kwetu halipatikani?"

Aliweka viti chini. Alitazama sakafu, alimtazama Papa Kabwe, kisha akamtazama mke wake. Maman Sifa alikuwa ameshainua mbao za kitanda cha Exaucé begani na anaelekea mlangoni. Deo akasogea, akashika upande wa pili.

Baada ya hapo watu walibeba. Waliokuja na sukari walibeba, waliokuja na kahawa walibeba. Mashine ya kufulia iliteremshwa na wazee wanne wa chama waliovaa nguo za msiba, wakigombana kwenye kila kona ya ngazi. Maman Véro alibeba godoro peke yake kichwani. Walipomaliza tukapika bukari, ugali wetu, katika masufuria yao ya matanga na tukala tumesimama, kwa sababu viti vilikuwa vimebaki ndani ya gari, chini ya vitu vyetu. Mama Halima alikuja kufuturu nasi. Papa Kabwe alikula. Alivua koti na kula.

Ijumaa, 28 Agosti

Deo amepiga simu. "Nitabafikisha tu. Nawashusha, narudia Brussels. Tusikilizane."

Nikasema tumesikilizana.

Jumamosi, 29 Agosti

Tumeondoka mchana badala ya asubuhi. Deo alichelewa, na sikumuuliza alikuwa kwa nani. Magari matatu. Kamioneti mbele, mimi na Faustin na Deo. Nyuma yake Maman Sifa, aliyesema anakuja siku mbili kutusaidia kupanga vitu, na watoto wake kwenye gari lao dogo, na watoto wangu wawili wamebanwa humo humo. Mwisho Mama Halima na wanne wake, akivuta trela.

Deo alipoona mke wake amepakia hata magodoro ya watoto, alisema, "Si ni siku mbili tu?" Maman Sifa akasema baridi ya kule ni kali.

Kwenye kituo cha mafuta mzungu mmoja alizunguka magari yetu, akaangalia mabeseni yaliyofungwa juu, kinu, baiskeli, kisha akaniuliza kama sisi ni sarakasi. Nikamwambia hapana, sisi ni majirani zake wapya. Alikuwa mtu mwema, alikuwa anauliza tu. Lakini ilipendeza kumjibu.

Penye mlima kamioneti ilichemka. Tukasimama kando ya barabara, msitu pande zote mbili, mvuke unapanda. Deo akafungua boneti, akasema gari hili limezoea kwenda matanga, mlima halijauona. Jua lilikuwa linashuka. Watoto walikuwa na njaa, vyakula viko wazi, lakini hakuna aliyegusa. Hakuna mtu aliyewaambia. Walikuwa wanamngoja Mama Halima. Alipokula tende yake ya kwanza, ndipo mikono yote ikaingia kwenye sahani.

Tumefika. Funguo zilikuwa chini ya jiwe, kama bourgmestre alivyosema.

Jumatatu, 31 Agosti

Mvua tangu jana. Nyumba ni baridi, ukuta ni mawe, lakini umekauka. Nimepitisha kiganja kwenye kila ukuta wa chumba cha watoto. Nimerudia leo. Umekauka. Exaucé hajakohoa usiku. Sitaandika zaidi ya hapo.

Papa Kabwe amepiga simu. "Biti bya chama biko wapi?" Biko hapa, nikamwambia, vilikuwa chini ya vitanda. Akasema kuna matanga ya kweli Jumamosi, Deo arudishe haraka. Nikasema anakaribishwa kuvifuata mwenyewe, barabara ni ya lami.

Deo alisikia. Amesema ataondoka kesho na familia yake, mvua ikiisha. Kwa mvua hii mlimani breki hazishiki. Wakati akingoja amerekebisha bomba la jikoni kwetu, kisha la Mama Halima. Katika nyumba ya tatu, ile ya mwisho, amewasha jiko la kuni, kuona tu kama bomba la moshi linavuta. Linavuta.

Jumanne, 1 Septemba

Watoto wote wamekwenda shule. Hata wa Deo. Maman Sifa alisema waende leo tu, kuliko kukaa ndani bila kazi. Aliwavalisha makoti bila kumtazama mumewe.

Bourgmestre alikuwa langoni na mabuti yake. Aliwatazama wakipita, mmoja mmoja, midomo yake ikihesabu. Kisha alinipa mkono na kwenda zake.

Nimefua. Nimetundika nguo chini ya paa la nyuma. Mama Halima amelala kidogo, mfungo umemchosha. Faustin amekwenda kuuliza habari za tanuri katika mji wa chini.

Deo ameketi mlangoni mwa nyumba ya tatu kwenye kiti cha plastiki cha chama, anachonga kipande cha mbao kwa ajili ya mlango usiofunga. Kamioneti iko pale pale. Anasema anangoja mvua iishe.

Imeisha tangu saa sita. Hakuna aliyemwambia.