Malalamiko Yangu Juu ya Steki ya Jibini

Jumatatu, tarehe 1 Septemba 1947

Kwa Daftari hili, salamu nyingi pamoja na heshima.

Mimi, Chengo wa Nguma, mkazi wa Changamwe, mwandishi wa barua na maombi ya watu katika baraza ya duka la Mhindi, naanza leo kukuandikia. Kusudi langu ni kuyaweka kwa utaratibu mambo ya mke wangu Jumwa, ya mpishi aitwaye Badi, na ya kipande cha nyama. Sina pengine pa kuyapeleka. Mtu anayewaandikia wenziwe malalamiko — yake ampelekee nani ayaandike?

Jumwa ni yaya katika nyumba ya injinia Mzungu kule Port Reitz, mwaka wa pili sasa. Badi ni mpishi wa nyumba hiyo hiyo.

Jana Jumwa alipika hapa nyumbani kitu ambacho hatujapata kukipika tangu tuoane, na ni miaka kumi na minane. Steki. Nyama ya sarara, kipande kizima, kinene kama kitabu cha nyimbo, bila kukatwakatwa. Kikaango kitupu kilikaa juu ya makaa hata kikatoa moshi. Samli kidogo. Nyama ikatiwa — ikalia! Akaigeuza mara moja tu. Kisha kasimile, lile tui la kwanza lililo zito, na jibini ya kopo aliyoikwangua kwa kisu, akakoroga polepole mpaka ikawa laini kama uji wa mtoto mchanga. Akaimwaga juu ya nyama.

Katika kupika huko alisema "Badi asema" mara tisa. Badi asema usiiguseguse. Badi asema pilipili manga mwisho. Mara tisa. Nilihesabu.

Nilikula yote. Akasimama ananitazama. Nikamwambia: imeiva. Akachukua sahani akaenda kuosha.

Kuiva iliiva. Lakini ilikuwa na ladha nisiyopata kuionja katika miaka yangu arobaini na minne, nayo imekuja nyumbani mwangu kwa mafundisho ya mwanamume mwingine. Hilo ndilo shina la malalamiko.

Jumatano, tarehe 3 Septemba

Mtajwa amefika barazani kwangu mwenyewe! Juu ya baiskeli, kanzu imepigwa pasi, kofia imekaa sawasawa. Ni mtu wa Likoni, wa watu wa kale wa huko, na wakati wa vita alipika melini. Nilikuwa na mzee mmoja tunaandika habari za mpaka wa shamba lake. Badi hakukatiza. Alingoja nimalize sentensi. Adabu yake ndiyo inayonichoma zaidi.

Akasema: "Shikamoo, Karani. Hii ya Mama Sidi, aliisahau." Mama Sidi ni Jumwa wangu; kitu chenyewe ni nusu kopo ya jibini, imefungwa katika karatasi safi. Akaniuliza kama nami naipenda. Nikajibu kwamba maoni yangu katika jambo hilo bado hayajakamilika. Akacheka — si kwa dharau. Afadhali ingekuwa dharau.

Bi Mwanatatu, jirani yetu auzaye mahamri pale pembeni, hakuwa na adabu kama hiyo. Alipaza sauti baraza nzima isikie: "Eh, Karani! Mkeo yuwapika au yuwapikiwa?" Watu wakacheka. Na mzee wa shamba naye!

Niliharibu karatasi mbili.

Alhamisi, tarehe 4 Septemba

Jambo limekuwa zito. Naliandika kwa ufupi.

Yule injinia amepata uhamisho. Wanahamia Nakuru mwisho wa mwezi. Memsahibu anataka kwenda na watu wake wa nyumbani, na Jumwa ameambiwa atoe jibu ifikapo Jumamosi ya wiki ijayo, tarehe 13.

Aliniambia hayo huku akipeta mchele, macho yako katika ungo. "Wewe wasemaje, Baba Sidi?"

Nilitaka kusema usiende. Nikasema: "Jambo hili linahitaji kufikiriwa kwa makini."

Akapeta. Akasema hivyo ndivyo ninavyowaambia wale wa barazani.

Nakuru! Bwana, Memsahibu, watoto, yaya — na mpishi. Jiko moja, usiku na mchana, na mimi huku Changamwe na daftari. Binti yetu Sidi ameolewa Ribe. Nyumba hii itabaki na nani?

Jumamosi, tarehe 6 Septemba

Nimepika.

Naandika neno hilo peke yake kwa sababu katika ukoo wetu hakuna mwanamume aliyepata kuliandika. Badi hupika kwa ajira, hilo ni jingine. Mimi nimepika nyumbani, mlango wazi, mchana. Hoja yangu ilikuwa hii: ikiwa steki ni ujuzi, basi ujuzi hauna mwenyewe. Kiingereza nilijifundisha bila mwalimu, kwa taa ya kibatari. Itanishinda nyama?

Mchinjaji alinipa sarara nzuri. Nikakumbuka jinsi Jumwa alivyofanya, lakini nikaona kosa katika mpango ule: nyama nene namna hiyo, ikikaangwa mara moja tu, ndani hubaki nyekundu. Damu si chakula cha mtu. Basi nikaichemsha kwanza, kwa tangawizi na ndimu, saa nzima, kama inavyostahili nyama yoyote. Kisha ndipo nikaikaanga.

Haikulia. Ilinyamaza tu kikaangoni kama shahidi aliyekatazwa kusema.

Kasimile nikaimimina moto ukiwa mkali — tui likakatika, mafuta huku, maji huku. Jibini ikawa nyuzi. Nilivuta uma, nyuzi zikafuata hadi kifuani. Moshi ukamleta Bi Mwanatatu mpaka dirishani. "Wallahi, Karani! Wapika au wachoma mashtaka?"

Jumwa alirudi saa kumi. Nikamwandalia. Akakata — kisu hakikupita. Akakata tena. Akatia kinywani, akatafuna, akatafuna, akanitazama.

"Uliichemsha?"

"Niliichemsha."

Akacheka! Alicheka hata akashika ukuta, machozi yakamtoka. Sijamwona akicheka hivyo tangu harusi ya Sidi. Nami nikaanza kucheka. Kwa muda mfupi — nasema kweli — sikuwa na malalamiko yoyote duniani.

Kisha akajifuta macho kwa kanga akasema: "Na mimi siku ya kwanza niliichemsha. Badi alicheka vivi hivi."

Nikaacha kucheka.

Jumapili, tarehe 7 Septemba

Kanisani. Somo sikulisikia. Jumwa aliimba upande wa wanawake, sauti yake naijua katikati ya mia.

Jumanne, tarehe 9 Septemba

Leo nimefanya jambo lisilo la heshima, nalo nalikiri hapa kikamilifu. Nilikwenda Port Reitz kuchungulia.

Sababu niliyojitungia ilikuwa mwavuli wake. Mbingu haikuwa na wingu hata moja. Nilizunguka nyuma ya nyumba, nikasimama penye mpapai, mlango wa jikoni u wazi mbele yangu.

Badi alikuwa amesimama mbali na jiko, mikono nyuma, kama mwalimu wa skuli. Aliyekuwa penye moto ni Jumwa. Peke yake. Amejifunga kitambaa cheupe. Vipande vinne vya nyama mbele yake, chuma kinatoa moshi, naye anasogea kati ya moto na meza bila haraka — sikumjua! Naapa kwamba kwa kitambo nilimtazama kama mtu mgeni. Badi alisema maneno machache. "Usiiguse, dada. Iwache. Sasa." Naye alikuwa ameshageuza kabla ya hiyo "sasa".

Badi akaniona. Akatoka nje, akaupokea mwavuli kwa mikono miwili.

"Karani, karibu. Umeona mkono ule? Mimi nilipigwa mwiko melini miaka miwili nisiupate."

Nikamwambia, kwa sauti niliyoidhibiti, kwamba bila shaka huko Nakuru atapata nafasi ya kutosha kuutazama.

Akastaajabu. "Mimi? Siendi Nakuru, ndugu yangu. Mama yangu haoni, ni wa kushikwa mkono mpaka msalani. Nimemwambia Memsahibu amchukue Mama Sidi awe mpishi. Si yaya — mpishi. Memsahibu alikataa, akasema mwanamke hawezi jiko la wageni. Basi mwezi mzima nikawa nakaa kando, yeye anapika, wao wanakula, wanasifu. Wiki iliyopita nikawafunulia, Memsahibu akakubali." Akanitazama. "Hakukwambia?"

Nilirudi kwa miguu njia nzima.

Hakuniambia. Na mimi sikuuliza. Nilihesabu "Badi asema" mara tisa, sikuuliza hata mara moja Badi asema nini.

Sasa wivu wangu ungekwisha, maana mtu niliyemwonea hana kosa. Haukwisha! Umehama tu. Tangu alasiri naona kitambaa kile cheupe na mikono ile. Katika nyumba hii mwenye ujuzi nilikuwa mimi. Watu walisema: yule ni mke wa Karani. Nakuru watasema nini? Naandika bila kujificha: namwonea wivu mke wangu.

Alhamisi, tarehe 11 Septemba

Nilitunga ombi. Kurasa tatu, mwandiko bora kuliko wote niliopata kuandika. "Mwombaji, kwa unyenyekevu mkubwa, analeta mbele yako haja yake, akitumaini kwamba utaitazama kwa jicho la huruma." Maombi yangu yamewarudisha watu kazini baada ya ule mgomo wa Januari. Yamemtoa mtu rumande.

Jumwa hajui kusoma. Nilisimama mbele yake nikamsomea.

Alisikiliza ukurasa wa kwanza. Katikati ya pili akaniuliza: "Mwombaji ni nani?"

"Ni mimi."

"Na huyu anayeombwa?"

"Ni wewe."

"Basi mbona sisikii mimi wala wewe humo?"

Nikamweleza kwamba ni utaratibu wa maandishi. Akainuka, akavuta mlango wa jikoni ukafungika nusu. Akasema akiwa ndani, sauti si ya hasira: "Ile Jumapili nilipokupikia nilikuwa nakuuliza neno. Nilipata jibini kwa Badi, nikakaa kutwa na ile nyama, ili nikuulize kama nawe waniona mpishi. Ukanambia imeiva."

Ukurasa wa tatu haukusomwa.

Ijumaa, tarehe 12 Septemba, saa kumi na moja jioni

Jibu lake linatakiwa kesho.

Alirudi mapema na sarara. Akanitolea mbuzi na nazi mbili, akaviweka miguuni pangu. Nikavua koti, nikakaa juu ya mbuzi, nikakuna. Kwa karani, kukuna nazi ni kazi yenye kutoa jasho. Ulimi ukafunguka kwa sababu mikono ilikuwa na shughuli.

Nikamwambia ile ya kwanza ilikuwa tamu. Tamu sana. Nilishindwa kusema kwa ajili ya Badi. Nikamwambia niliona mikono yake siku ya mwavuli, nikaona wivu, si wa Badi tena, wa mikono yenyewe. Nikamwambia nyumba hii bila yeye siitaki. Nikasema "mimi". Nikasema "wewe". Hayakupangika vizuri, sentensi nyingine zilikosa mwisho.

Alikuwa amenipa mgongo. Nyama ikalia kikaangoni. Akaigeuza.

Nikauliza: "Wataka kwenda?"

Akasema: "Nataka kupika, Baba Sidi. Watu wakila nilichopika mimi, wajue nimepika mimi." Kisha akauliza: "Na wewe wataka nini?"

Nikasema nataka akae. Nikasema pia, na hili sikuwa nimelifikiria kabla halijatoka, kwamba huko Nakuru nako bila shaka wako watu walioonewa wasiojua kuandika.

Akageuka akanitazama. Mara ya kwanza tangu jana.

Ameitoa nyama motoni, ameiweka juu ya sahani, ameifunika kwa sahani nyingine. Nikanyoosha mkono — akaupiga kwa mwiko. "Haikatwi sasa! Ukiikata sasa maji yake yote yatamwagika. Iache itulie, ndipo nitakapokwambia." Sasa anakoroga jibini katika kasimile ya nazi nilizokuna mimi, moto mdogo. Nimechukua daftari ili nisimsemeshe.

Bila kugeuka ameuliza: "Nakuru kuna nazi?"

Nimemwambia sijui.

Anakoroga. Sahani bado zimefunikana.

Naandika tu, sisemi kwa sauti: Jumwa, tunakwenda sote, unakwenda peke yako, au unakaa?